Muziki Uliotungiwa Filamu Isiyokuwepo

Mtu yeyote anayeshughulika na sauti za filamu anazijua maktaba za muziki za mtandaoni. Unafungua ukurasa, unachagua hali unayoitaka, iwe huzuni, wasiwasi, ushindi au mapenzi, na vipande vinajipanga mbele yako vikisubiri kununuliwa. Mtunzi hajaiona filamu yako wala hataiona. Ametunga huzuni ya jumla, wewe unaipeleka kwenye msiba wako.

Biashara hii ni ya zamani kuliko wengi wanavyodhani. Enzi za filamu bubu, wachapishaji wa muziki barani Ulaya waliuza vitabu vya vipande vifupi vilivyopangwa kwa hali hizohizo. Mpiga piano au okestra ya ukumbi wa sinema ilichomoa kipande cha dhoruba, cha kukimbizana au cha kifo kadiri picha zilivyokuwa zikipita ukutani. Mmoja wa wachapishaji hao alikuwa Heinrichshofen wa mji wa Magdeburg, Ujerumani. Mwaka 1929 ndipo Arnold Schoenberg, mtunzi aliyekuwa akizomewa na kuheshimiwa kwa kiasi kilekile, alipotunga kipande kwa ajili ya mchapishaji huyo. Alianza Oktoba 1929, akamaliza Februari 1930. Kinachukua kama dakika tisa. Filamu haikuwepo, na haikuwa imepangwa kuwepo. Hakuna hadithi, hakuna wahusika, hakuna mahali. Kuna maneno matatu tu yanayoeleza mwendo wake: hatari inayonyemelea, hofu, maangamizi.

Miaka zaidi ya 40 baadaye, mwaka 1972, Jean-Marie Straub na Danièle Huillet, mume na mke kutoka Ufaransa waliokuwa wakiishi Roma, walikitengenezea kipande hicho filamu fupi kwa ajili ya kituo cha televisheni cha Südwestfunk cha kusini magharibi mwa Ujerumani. Jina lake ni refu: *Einleitung zu Arnold Schoenbergs Begleitmusik zu einer Lichtspielscene*, yaani utangulizi wa muziki wa Schoenberg wa kusindikiza tukio la sinema. Filamu yenyewe ni ya robo saa hivi. Kwa maoni yangu, katika kazi zote fupi zilizojaribu kuweka pamoja muziki, kumbukumbu na historia ya Ujerumani, hakuna iliyofikiri vizuri zaidi kuhusu swali linalonihusu mimi kazini kila siku: muziki ukikutana na ukweli wa kutisha, ufanye nini?

Nianze na muziki wenyewe, maana watu wengi huurukia Unazi moja kwa moja wakasahau kusikiliza. Okestra ni ndogo: nyuzi, ala chache za kupuliza, piano, na ngoma za aina kadhaa. Mwanzo ni wa chini sana. Nyuzi zinatetemeka kwa sauti ambayo kwenye spika za kompyuta huwezi hata kuisikia, na juu yake vinapita vipande vya melodi vifupi vinavyokatika kabla hujavishika. Kipande kimetungwa kwa mfumo wa nota kumi na mbili alioubuni Schoenberg mwenyewe, ambao haukubali nota moja iwe ndiyo nyumbani, mahali ambapo wimbo unarudi kupumzika. Kwa hiyo wasiwasi haukupakwa juu juu. Umo ndani ya mfumo. Mwendo unaongezeka, sauti zinabanana, inafika kishindo. Halafu, na hapa ndipo ninapomvulia kofia, haishii kwenye kishindo. Baada ya maangamizi kuna sehemu ya polepole, tulivu, inayorudia mambo ya mwanzo. Mtunzi wa kawaida wa filamu angeomba nafasi hiyo ikatwe kwa sababu hakuna kinachotokea. Schoenberg aliona kwamba baada ya maangamizi bado kuna muda, na muda huo nao ni sehemu ya tukio.

Onyesho la kwanza jukwaani lilikuwa Berlin, Novemba 1930, Otto Klemperer akiongoza okestra, katika jumba la opera la Kroll. Lishike jina hilo. Jumba la Kroll lilikuwa mkabala na jengo la Bunge la Ujerumani. Lilifungwa kama opera mwaka 1931. Bunge lilipoungua usiku wa Februari 27, 1933, wabunge walihamia humo, na humo ndimo ilimopitishwa, Machi 23, 1933, sheria iliyompa Hitler uwezo wa kutunga sheria bila kuliuliza Bunge. Humohumo tena, Januari 30, 1939, Hitler alisimama akatangaza kwamba vita vikizuka Wayahudi wa Ulaya wataangamizwa. Hatari, hofu, maangamizi: maneno ya nota za 1930 yaliyopata picha zake chini ya paa lilelile. Filamu haisimulii kisa cha jumba hilo, lakini mimi siwezi tena kuusikia muziki huu bila kukikumbuka.

Schoenberg mwenyewe alikuwa akifundisha utunzi katika Chuo cha Sanaa cha Prussia, Berlin. Mwanzoni mwa Machi 1933 uongozi wa chuo ulitangaza kikaoni kwamba ushawishi wa Wayahudi lazima uvunjwe. Mwezi Mei akaondoka kwenda Paris, Julai akarudi rasmi katika dini ya Kiyahudi aliyokuwa ameiacha akiwa kijana, na mwezi Oktoba akavuka kwenda Marekani. Hakurudi tena. Alifariki Los Angeles mwaka 1951.

Sasa filamu. Straub anatokea kwenye roshani, Roma. Anaeleza kwa ufupi lini muziki ulitungwa na mtunzi alikuwa nani, kama mtu anayetambulisha mgeni kabla ya hotuba. Halafu tunaingia chumba cha kurekodia. Mtu amekaa mbele ya maikrofoni, karatasi mkononi. Ni Günter Peter Straschek, mtengenezaji filamu kutoka Austria, ambaye miaka hiyohiyo alikuwa akifuatilia habari za watu wa sinema waliokimbia Ujerumani ya Wanazi. Anasoma barua za Schoenberg kwa mchoraji Wassily Kandinsky, za mwaka 1923.

Wawili hawa walikuwa marafiki. Kandinsky alisikia muziki wa Schoenberg mjini Munich Januari 1911, ukamgusa kiasi kwamba aliuchora, na akamwandikia barua mtu ambaye walikuwa hawajawahi kuonana. Mwaka 1923 Kandinsky alikuwa mwalimu wa Bauhaus, shule mashuhuri ya usanifu mjini Weimar, akataka Schoenberg naye aje kufanya kazi Weimar. Lakini Schoenberg alikuwa amesikia kwamba katika duru hizo Wayahudi wanasemwa vibaya, na Kandinsky hakukaa mbali na maneno hayo. Isitoshe, miaka miwili kabla, kiangazi cha 1921, yeye na familia yake walikuwa wamelazimika kuondoka Mattsee, mji wa mapumziko nchini Austria, kwa sababu wageni wa Kiyahudi hawakutakiwa. Kumbuka kwamba wakati huo alikuwa Mprotestanti kwa zaidi ya miaka 20. Haikumsaidia.

Anamwandikia Kandinsky kwamba sasa ameelewa jambo ambalo hatalisahau kamwe: yeye si Mjerumani, si Mzungu, pengine hata si binadamu machoni pa wengine, ni Myahudi. Barua ya pili, ya Mei 4, inapiga ndani zaidi. Kandinsky alikuwa amemhakikishia kwamba yeye anachukuliwa tofauti na Wayahudi wengine. Schoenberg anajibu kwamba akitembea barabarani na kila mtu anamtazama kupima kama ni Myahudi au Mkristo, hawezi kumsimamisha kila mmoja na kumweleza kwamba yeye ndiye yule ambaye Kandinsky na wengine wachache wamemtoa kwenye hesabu. Anamtaja Hitler kwa jina. Na anauliza: chuki hii dhidi ya Wayahudi itaishia wapi, kama si kwenye matendo ya kikatili? Ni vigumu kiasi hicho kulifikiria hilo?

Hiyo ni Mei 1923, miezi sita kabla ya Hitler kujaribu kupindua serikali huko Munich na miaka kumi kabla hajashika madaraka.

Nataka kukaa kidogo hapa kwa jicho la mtu wa sauti. Barua kama hii, mikononi mwa wengi wetu, ingekabidhiwa mwigizaji mwenye sauti nzito. Tungemwambia apunguze kasi penye uchungu, ameze mate kabla ya kulitaja jina la Hitler. Chini yake tungeweka selo moja. Mtazamaji angelia, na machozi yakikauka angekuwa amebaki na kumbukumbu ya kulia kwake. Straschek hafanyi hivyo. Hamuigizi Schoenberg. Anaisoma barua kama mtu anayesoma barua ya mtu mwingine, na chumba tunakiona: maikrofoni, karatasi, vifaa vya kazi. Tunajua wakati wote kwamba haya ni maneno yaliyoandikwa tarehe fulani na kwamba leo kuna mtu anayatoa karatasini na kuyaweka hewani. Matokeo yake ni kwamba maneno yenyewe ndiyo yanayofanya kazi. Swali la mwisho halina mahali pa kujificha.

Utangulizi huu ungeweza kuishia hapo, ukawa heshima kwa mtunzi aliyeona mbali. Lakini Straub na Huillet wanabishana na mtu wanayempenda. Huillet anatokea amekaa kwenye kochi, paka mapajani, na analeta swali la Bertolt Brecht, mwandishi wa tamthilia wa Ujerumani mwenye msimamo wa kikomunisti: utasemaje ukweli kuhusu ufashisti unaoupinga, ikiwa hutaki kusema chochote dhidi ya ubepari unaouzaa? Kisiasa Schoenberg alikuwa mtu wa kale, aliyeuheshimu utawala wa kifalme na asiyeupenda ukomunisti hata kidogo. Brecht yuko upande wa pili kabisa. Tunarudi chumba cha kurekodia, na Peter Nestler, mtengenezaji wa filamu za hali halisi aliyekuwa ameihama Ujerumani kwenda Sweden, anasoma hotuba ambayo Brecht aliiandaa kwa kongamano la waandishi mjini Paris mwaka 1935. Hoja yake ni kwamba ukatili hautokani na ukatili. Unatokana na biashara ambazo haziwezi tena kufanyika bila ukatili. Kwa hiyo, anawaambia wenzake, tuzungumze kuhusu nani anamiliki nini.

Angalia waliopewa maneno: Mfaransa aliyekulia Lorraine iliyotekwa na Ujerumani, ambaye baadaye aliikimbia nchi yake asipelekwe vitani Algeria, mkewe anayeishi naye ughaibuni, Mwaustria, na Mjerumani wa Sweden. Hakuna hata mmoja anayesema akiwa kwao. Filamu haitangazi jambo hili, lakini nadhani linaeleza kwa nini hakuna anayejitwika sauti ya taifa.

Kisha zinakuja nyaraka, na hapa ndipo swali la 1930 linapojibiwa: picha gani ziwekwe kwenye muziki huu? Hawakwenda kutafuta nyuso zenye hofu. Waliweka picha mnato ya mwaka 1871, wapiganaji wa Komuni ya Paris, uasi wa wafanyakazi wa jiji hilo, waliouawa, wamepangwa ndani ya majeneza yaliyo wazi, kila mmoja na namba yake. Waliweka picha za ndege za Marekani aina ya B-52 zikipakiwa mabomu na kuyamwaga juu ya Vietnam, vita ambavyo wakati huo vilikuwa bado vinaendelea. Na wakaweka habari ya gazetini.

Habari hiyo ndiyo iliyonishika kuliko mabomu. Inahusu kuachiwa huru, mwaka huohuo wa 1972, kwa wasanifu majengo wa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi. Walter Dejaco na Fritz Ertl walishtakiwa Vienna kwa kazi yao ya kusanifu na kujenga majengo ya kuchomea maiti kambini humo, na mwezi Machi mahakama ikawaachia. Tunaonyeshwa maandishi ya gazeti, basi. Hakuna picha ya kambi wala ya maiti wa Auschwitz. Mtazamaji lazima asome, na wakati anasoma muziki haumsubiri.

Hapa niongeze kitu ambacho filamu haikisemi. Fritz Ertl alikuwa mhitimu wa Bauhaus. Alisoma Dessau, ilikohamia shule hiyo baada ya kuondoka Weimar, katika miaka ambayo Kandinsky alikuwa bado miongoni mwa walimu wake. Schoenberg aliuliza mwaka 1923 chuki itaishia wapi, akimwuliza mwalimu wa Bauhaus. Sehemu moja ya jibu ilikuja kuchorwa na mtu aliyejifunza kuchora Bauhaus. Simaanishi kwamba shule iliyotoa wasanifu wengi waliofukuzwa na Wanazi ilizaa Auschwitz. Huo ungekuwa uongo. Ninasema barua ile ilikuwa na anwani halisi, na watu halisi walipita kwenye anwani hiyo.

Kuna lawama moja dhidi ya filamu hii ambayo naiona ina uzito. Kuziweka pamoja Paris ya 1871, Auschwitz na Vietnam ni kuhatarisha kuvichanganya vifo visivyofanana, na kumfanya Brecht awe na ufunguo wa kila mlango. Mauaji ya Wayahudi hayaelezeki yote kwa faida na umiliki. Treni zilizowapeleka kambini ziliendelea kusafiri hata pale jeshi lilipozihitaji kwingine. Schoenberg, kwa kuwa aliipata chuki hiyo mwilini mwake, anajua kitu ambacho hotuba ya Brecht haikijui. Lakini sikiliza jinsi filamu ilivyopangwa: barua haikukatwa ili Brecht ashinde. Imesomwa kwanza, kwa urefu, na hotuba inafuata kama mtu wa pili mezani. Wawili hao hawapatani, na muziki haujaribu kuwapatanisha. Ninapofundisha vijana uhariri, hilo ndilo ninalowaonyesha: muziki usiofunika mshono.

Jambo hili linatuhusu kwa karibu kuliko inavyoonekana. Mjini Berlin kuna hazina ya sauti iitwayo Phonogramm-Archiv, iliyoanzishwa mwaka 1900 na kuingizwa na UNESCO katika orodha ya Kumbukumbu ya Dunia mwaka 1999. Ndani yake zimo silinda za nta zilizorekodiwa Afrika Mashariki enzi za ukoloni wa Kijerumani. Karl Weule, wa jumba la makumbusho la Leipzig, alipita kusini mwa Tanzania ya leo mwaka 1906, Lindi, Masasi na Newala, akiwa na fonografu, mashine ya kurekodi sauti kwenye silinda hizo, na kamera ya filamu. Vita vya Maji Maji vilikuwa vimeanza mwaka uliotangulia na vilimalizika 1907. Vijiji vilikuwa vimechomwa na njaa ilikuwa ikiua watu. Katika hali hiyo akarekodi nyimbo za Wayao, Wamakonde na Wanyamwezi. Aliyesimamia hazina hiyo kuanzia 1905 alikuwa Erich von Hornbostel, mzaliwa wa Vienna kama Schoenberg. Mama yake alikuwa wa asili ya Kiyahudi. Mwaka 1933, mwaka uleule, alifukuzwa kazi, akaenda New York kisha Uingereza, akafariki 1935.

Historia moja ya Ujerumani imebeba zote mbili, silinda za nyimbo zetu na nota za muziki wa hofu, na ikamfukuza mtunza silinda pamoja na mtunga nota. Vijana kadhaa wameniuliza namna ya kutumia rekodi za aina hiyo kwenye filamu zao. Kishawishi cha kwanza ni kuzisafisha mkwaruzo, kuzitia mwangwi, kuzichanganya na sinthesaiza ili zipate hisia. Ushauri wangu ni kuziacha na mkwaruzo wake, kuzicheza nzima kadiri silinda ilivyochukua, na kusema kwa sauti ya kawaida nani alishika fonografu, mwaka gani, mahali gani, na askari wa nani walikuwa karibu. Jina la mwimbaji likijulikana, litajwe kabla ya jina la mrekodi. Baada ya hapo wimbo usikike bila mtu kuzungumza juu yake.

Kwa anayetaka kuifuatilia kazi ya Straub na Huillet, mpangilio ninaoupendekeza ni huu. Sikiliza kwanza muziki wa Schoenberg peke yake, kwa vipokea sauti vya masikioni, mara mbili. Mara ya pili zingatia zile dakika za mwisho baada ya kishindo. Kisha tafuta barua mbili za 1923 uzisome zote, maana kuna mambo mengi ndani yake. Ndipo uitazame filamu. Ukiweza, itazame ukiwa na mtu anayekubishia, kwa sababu imetengenezwa kwa ajili ya watu wawili wasiokubaliana. Na kama wewe ni mhariri, chukua dakika tatu za filamu yako mwenyewe iliyo na muziki, uzime muziki, uone ni picha zipi zinabaki zimesimama.